Nyumba Bila Hati: Kisa cha North Lawndale, Chicago

Mwaka 1961 Clyde Ross, mzaliwa wa Clarksdale, Mississippi, aliyehamia Chicago baada ya kutoka jeshini, alinunua nyumba katika mtaa wa North Lawndale, upande wa magharibi wa jiji. Bei ilikuwa dola 27,500. Aliyemuuzia alikuwa ameipata nyumba hiyohiyo miezi sita tu kabla, kwa dola 12,000.

Ross alitoa kianzio, akaanza kulipa kila mwezi. Bima ilikuwa juu yake, kodi ya jengo juu yake, na boila ilipoharibika miezi michache baadaye, gharama zikawa zake pia. Mizigo yote ya mwenye nyumba aliibeba yeye. Hati ilibaki kwa muuzaji, na ingebaki huko mpaka senti ya mwisho ilipwe. Akikosa awamu moja, muuzaji alikuwa na haki ya kumtoa, kubaki na nyumba, kubaki na fedha zote zilizokwisha kulipwa, kisha kumwekea mtu mwingine mkataba uleule mezani.

Utafiti uliotolewa mwaka 2019 na Chuo Kikuu cha Duke pamoja na watafiti wa vyuo vya Chicago ulikadiria kwamba kati ya asilimia 75 na 95 ya nyumba zilizouzwa kwa familia za Weusi jijini humo katika miaka ya 1950 na 1960 ziliuzwa kwa mikataba ya namna hii. Kwa hiyo tunaongelea jinsi jamii nzima ilivyouziwa nyumba kwa miaka 20, na si ujanja wa matapeli wawili watatu waliojificha vichochoroni.

North Lawndale ya leo ina viwanja vitupu kila baada ya nyumba chache, na mara nyingi utasikia ikielezwa kuwa ni mtaa uliosahauliwa. Maelezo hayo siyakubali. Mtaa uliosahauliwa hauletewi bili kila mwezi. Kwa Lawndale kulikuwa na watu waliokuwa wakiujua kila mlango, kila mshahara na kila tarehe ya malipo, na fedha zilizotoka humo zina njia inayoweza kufuatwa hadi leo. Uchambuzi huu unaifuata njia hiyo.

Mlango wa benki

Kwa nini mtu mwenye kazi ya kudumu akubali masharti kama ya Ross? Kwa sababu mlango wa kawaida ulikuwa umefungwa, tena na serikali.

Mwaka 1934 Marekani iliunda Mamlaka ya Shirikisho ya Nyumba, inayojulikana kwa herufi FHA. Mamlaka hiyo haikukopesha watu, ilidhamini mikopo. Benki ikimkopesha mnunuzi na mnunuzi akashindwa kulipa, FHA inafidia. Kwa kinga hiyo benki zikapunguza kianzio, zikarefusha muda wa kulipa, riba nayo ikashuka. Ndiyo njia iliyomfanya mfanyakazi wa kiwandani Mmarekani, Mzungu, awe mwenye nyumba yenye bustani. Lakini mwongozo waliopewa wakaguzi wa FHA katika miaka ya 1930 ulihesabu kuchanganyika kwa watu wa rangi tofauti kuwa hatari kwa thamani ya nyumba, na ukapendekeza hati ziwekewe vifungu vya kuzuia nyumba isiuzwe wala kupangishwa kwa Weusi. Mahakama ya Juu iliamua mwaka 1948 kwamba mahakama haziwezi kutekeleza vifungu hivyo. Benki hazikubadilika. Mtu Mweusi akienda kuomba mkopo wa nyumba katika mtaa wa Weusi, au mtaa ambao Weusi wameanza kuingia, jibu lilikuwa moja.

Hapa niweke neno kuhusu zile ramani zenye rangi nyekundu, rangi iliyowekwa kwenye mitaa iliyohesabiwa kuwa hatari kwa mikopo, ambazo siku hizi huonyeshwa kila panapozungumzwa ubaguzi wa makazi Marekani. Zilichorwa na chombo kingine cha serikali, HOLC, kilichoundwa mwaka 1933 kuokoa wenye nyumba walioelemewa na madeni. Wachumi na wanahistoria wanabishana mpaka leo kama ramani zenyewe ndizo zilizoleta madhara au ziliandika tu kile ambacho soko lilikuwa likifanya tayari. Kwa Lawndale naona ramani zinabebeshwa lawama kupita kiasi. Zilipochorwa, mtaa huu ulikuwa wa Wazungu, wengi wao Wayahudi, na Weusi walikuwa wachache mno. Kilichoutenda mtaa ni kanuni ya FHA na tabia ya wakopeshaji, vitu ambavyo havikuhitaji kutazama ramani. Vilihitaji kuona tu nani anahamia.

Miaka kumi

Lawndale ya kabla ya vita ilikuwa moyo wa Uyahudi wa Chicago. Masinagogi yalipangana kwenye barabara pana ya Douglas, na kwenye kona ya Homan na Arthington kampuni ya Sears ilikuwa na makao yake makuu, na bohari kubwa ambamo oda za katalogi yake zilifungwa na kupelekwa nchi nzima. Mwaka 1950 mtaa ulikuwa na watu wapatao 100,000, na Weusi walikuwa asilimia 13 hivi. Mwaka 1960 ulikuwa na watu karibu 125,000, na Weusi walikuwa asilimia 91.

Mabadiliko ya namna hiyo kwa muda wa miaka kumi hayaji yenyewe. Weusi kutoka Kusini walikuwa wakimiminika Chicago kutafuta kazi, na mitaa ya zamani ya Weusi upande wa kusini wa jiji ilikuwa imefurika. Kwingineko walipokelewa kwa mawe. Mji wa Cicero umepakana na Lawndale. Mwaka 1951 familia moja ya Weusi ilipojaribu kuhamia kwenye ghorofa huko, maelfu ya Wazungu walilizingira jengo kwa siku kadhaa, wakavunja na kuchoma, mpaka gavana akaleta askari. Kiwanda cha Western Electric kilikuwa Cicero hukohuko. Mweusi aliyepata kazi pale aliweza kuvuka mpaka kwenda zamu, na zamu ikiisha arudi kulala Lawndale.

Kati ya watu wanaotaka sana kuingia na watu wanaoogopa waliokwisha kuingia, ndipo mlanguzi wa nyumba alipofungua duka. Alipiga simu usiku kwa wenye nyumba Wazungu, akawaambia Weusi wanakuja na bei zitaporomoka. Wengine walikodi wanawake Weusi wapite barabarani wakisukuma watoto kwenye vigari, ili wenyeji waone kwa macho. Mzungu akauza kwa bei ya hofu. Nyumba ikauzwa upya kwa mara mbili ya bei hiyo, au zaidi, kwa familia isiyo na pengine pa kwenda.

Mlanguzi fedha za kununulia alizipata wapi? Mara nyingi kwa vyama vya akiba na mikopo vilevile vilivyokataa kumkopesha mnunuzi Mweusi. Nyumba iliyosemwa kuwa ni hatari mno kwa mkopo wa familia iliyotaka kuishi ndani yake, haikuwa hatari kwa mkopo wa mtu aliyetaka kuilangua. Hapa ndipo hoja ya "biashara ni biashara" inapofia. Kama tatizo lingekuwa nyumba, mkopo ungekataliwa kwa wote wawili. Nyumba ni ileile, mtaa ni uleule, tofauti ni ngozi ya mwombaji.

Mikataba nayo ikawa bidhaa. Mlanguzi aliyehitaji fedha taslimu aliiuza kwa punguzo kwa wawekezaji, wakiwemo madaktari na mawakili wa mjini, watu ambao pengine hawakuwahi kukanyaga Lawndale. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Hapa daftari lilikuwepo, tena limeandikwa vizuri, ila lilikaa upande wa pili.

Kile mkataba ulichofanya ndani ya nyumba

Watafiti wa mwaka 2019 walipiga hesabu hivi: bei ya mkataba ilizidi ile aliyolipa mlanguzi kwa wastani wa asilimia 84, na mnunuzi alilipa kila mwezi takriban dola 587 zaidi, kwa thamani ya dola ya mwaka huo wa utafiti, kuliko angelipa kama angepata mkopo wa kawaida. Jumla iliyotoka mikononi mwa familia za Weusi Chicago kwa njia hiyo waliikadiria kuwa kati ya dola bilioni 3 na bilioni 4.

Jumla kubwa kama hiyo humpita msomaji kichwani, kwa hiyo tushuke hadi kwenye bajeti ya familia moja. Dola 587 kwa mwezi ni dola 7,044 kwa mwaka. Fedha hizo zilitoka wapi? Baba alitafuta kazi ya pili. Mama akafanya kazi zamu ya usiku. Watoto wakabaki na funguo. Nyumba iliyojengwa kwa familia mbili ikagawanywa kwa mbao, vyumba vikapangishwa kwa ndugu na kwa wageni waliotoka Kusini juzi. Paa likivuja, bakuli linawekwa chini, kwa sababu fundi anaweza kusubiri na mlanguzi hasubiri. Wanaouliza kwa nini majengo mazuri ya mawe ya kijivu yalizeeka haraka mikononi mwa wakazi wapya wanatakiwa kuanza na hesabu hii. Kila dola ya rangi, ya bomba, ya vigae, ilikuwa imeshachukuliwa kabla haijafika kwa mwenye duka la vifaa vya ujenzi.

Msongamano ukaingia shuleni. Shule za mtaa zilijaa hadi watoto wakasoma kwa zamu mbili, na badala ya kuwapeleka kwenye madarasa matupu ya shule za Wazungu, idara ya shule za jiji chini ya msimamizi wake mkuu, Benjamin Willis, ilileta madarasa ya matrela. Oktoba 22, 1963, zaidi ya wanafunzi 200,000 wa Chicago walisusia masomo kwa siku hiyo. Trela ziliendelea kuletwa.

Kisha likaja jambo ambalo kwa maoni yangu ndilo baya kuliko yote. Mzungu wa mtaa wa pili alipotazama Lawndale akaona nyumba zimejaa watu, matengenezo hayafanywi, takataka zimezidi uwezo wa magari ya jiji, alisema: mnaona, tulisema. Kanuni iliyodai kwamba Weusi hushusha thamani ya mtaa ilitengeneza mazingira, kisha mazingira yakaitwa ushahidi. Mabenki yaliyokataa mwaka 1955 kwa kubahatisha yaliweza kukataa mwaka 1965 kwa takwimu.

Kulikuwa na waliopiga kelele mapema. Wakili Mark Satter, Myahudi ambaye mwenyewe alimiliki majengo Lawndale, alianza kuwatetea wanunuzi wa mikataba mwaka 1957, akasema hadharani kwamba Weusi wa Chicago walikuwa wakiporwa dola milioni moja kila siku. Mahakamani alikutana na ukuta: mkataba umesainiwa, mtu mzima amesaini, kwisha. Alifariki mwaka 1965 akiwa na miaka 49. Januari mwaka uliofuata Martin Luther King alihamia Lawndale, kwenye ghorofa chakavu namba 1550 Barabara ya South Hamlin, ili nchi ione wakazi wa mitaa hiyo wanaishije. Agosti, akiongoza maandamano ya kudai Weusi waruhusiwe kuishi mtaa wowote, katika bustani ya Marquette, alipigwa jiwe kichwani.

Jumatano usiku

Ushindi uliokuwa karibu na ushindi kamili ulikuja kwa wanunuzi wenyewe. Mwishoni mwa 1967 na mwanzoni mwa 1968, kijana aliyekuwa akisomea upadri wa Wajesuiti, Jack Macnamara, pamoja na wanafunzi wa chuo waliokaa parokiani kwa Monsinyori Jack Egan, walipekua kumbukumbu za ardhi na kulinganisha bei: nyumba hii mlanguzi aliipata kwa kiasi gani, akaiuza kwa kiasi gani. Majirani waliokuwa kila mmoja akificha deni lake kwa aibu, akidhani ni yeye peke yake aliyepumbazwa, wakagundua wote wamesaini karatasi ileile. Ukaundwa Umoja wa Wanunuzi wa Mikataba, Clyde Ross akawa mmoja wa viongozi wake. Walikutana kila Jumatano usiku katika kanisa la parokia hiyo.

Aibu ile naipa uzito kuliko vyanzo vingi vinavyoipa. Mkataba wa mtu mmoja mmoja ulihitaji ukimya ili ufanye kazi. Mzazi aliyewaambia wanawe "hii ni nyumba yetu" hakuwa tayari kusimama mbele ya watu na kusema kwamba hati hana. Karatasi za kumbukumbu za ardhi ndizo zilizovunja ukimya huo, maana zilionyesha kwamba tatizo si ujinga wa mtu.

Umoja uliomba bei zipunguzwe zifikie thamani halisi. Wauzaji walipokataa, mamia ya familia ziliacha kuwalipa, fedha za awamu zikawekwa kando. Wauzaji wakaenda mahakamani kuomba amri za kuwatoa. Mwanzoni mwa 1970, katika baridi ya Chicago, maafisa wa kaunti walifika na kutupa vitanda, majiko na nguo kwenye theluji. Walipoondoka, majirani wakaja na kurudisha vitu ndani. Mikataba mingi ikaandikwa upya kwa bei nafuu. Familia hizo ziliokoa fedha nyingi, na baadhi, akiwemo Ross, zilibaki na nyumba zao.

Kesi kubwa lakini zilishindwa. Umoja ulifungua kesi mbili katika mahakama ya shirikisho, ya upande wa magharibi na ya upande wa kusini, ukidai kwamba kutumia soko lililogawanywa kwa rangi ili kupandisha bei ni kuvunja sheria ya haki za raia ya mwaka 1866. Mwaka 1969 Jaji Hubert Will aliruhusu dai hilo lisikilizwe, na maneno yake kuhusu faida inayotokana na rangi ya ngozi yalikuwa makali. Lakini mwaka 1976 jopo la raia lililosikiliza kesi ya magharibi liliwapa ushindi wauzaji. Ile ya kusini ilikwisha vibaya vilevile katika rufaa ya mwaka 1983. Utetezi ulikuwa rahisi: sisi tungemtoza yeyote bei hiyo. Na ni kweli, wangemtoza yeyote. Ila sheria na benki zilikuwa zimehakikisha kwamba yeyote huyo ni Mweusi.

Moto na viwanda

Aprili 4, 1968 King aliuawa Memphis, na upande wa magharibi wa Chicago ukawaka. Wiki moja baadaye, Aprili 11, Rais Lyndon Johnson alitia saini sheria ya kupiga marufuku ubaguzi katika uuzaji na upangishaji wa nyumba. Maduka mengi yaliyoungua hayakujengwa tena. Kuna simulizi maarufu inayoanza hapa: kwamba Lawndale ilijiharibu yenyewe kwa moto, halafu viwanda vikaondoka, basi.

Viwanda viliondoka kweli, na sitaki kulipunguza hilo. Kiwanda cha matrekta cha International Harvester, chenye ajira zipatazo 14,000, kilifungwa mwishoni mwa miaka ya 1960. Sears, iliyokuwa na wafanyakazi zaidi ya 10,000 mtaani, ilihamishia makao yake katikati ya jiji miaka ya 1970, na bohari ya katalogi ikafungwa mwaka 1987. Western Electric ya Cicero, ambayo kwa wakati wake iliajiri watu 43,000, ilifunga milango katika miaka ya 1980. Mtaa wowote ungeyumba.

Lakini mitaa mingine ya wafanyakazi ilipoteza viwanda pia bila kufikia hapa. Familia yenye nyumba iliyolipiwa nusu ina kitu cha kuuza, cha kuweka rehani, cha kusomeshea mtoto hadi apate kazi ya aina nyingine. Familia ya Lawndale iliyopigwa na kufungwa kwa kiwanda ilikuwa imelipa miaka kumi au kumi na tano na kilichopatikana ni risiti. Kazi ilipokwisha, hapakuwa na akiba iliyofichwa ukutani. Mtu alifunga mizigo, akaondoka. Mwaka 2010 sensa iliwakuta watu chini ya 36,000, kutoka wale karibu 125,000. Kati ya 1960 na mwisho wa karne mtaa ulipoteza karibu nusu ya makazi yake, kwa kuchomwa, kubomolewa na kuachwa.

Baada ya sheria

Sheria ya 1968 ilikataza, haikurudisha. Na hata mlango wa FHA ulipofunguliwa hatimaye kwa wanunuzi Weusi wa mijini, ulifunguliwa kwa namna ya ajabu. Kwa kuwa serikali ilidhamini mkopo wote, mkopeshaji hakuwa na sababu ya kujali kama nyumba ni nzima au kama mnunuzi ataweza. Wakaguzi wasio waaminifu walipitisha nyumba mbovu, familia zikashindwa, nyumba zikarudi serikalini na kupigwa mbao madirishani. Kutoka upande huohuo wa magharibi, mtaa wa Austin, Gale Cincotta aliongoza harakati za kuzibana benki, na jasho hilo lilichangia sheria mbili za Bunge: ya 1975 iliyozitaka benki zitangaze zinakopesha wapi, na ya 1977 iliyozitaka zihudumie mitaa zinakopokea amana.

Tangazo la wanakokopesha ndilo linalotuwezesha kupima leo. Uchunguzi wa waandishi wa redio ya WBEZ na wa shirika la habari la City Bureau wa mwaka 2020 ulipitia mikopo ya kununulia nyumba Chicago ya mwaka 2012 hadi 2018. Asilimia 68 ya fedha zilikwenda kwenye mitaa yenye Wazungu wengi. Mitaa yenye Weusi wengi ilipata asilimia 8.

Kodi ya jengo nayo ina kisa chake. Mwaka 2017 gazeti la Chicago Tribune na shirika la habari za uchunguzi la ProPublica walionyesha kwamba ofisi ya uthamini ya Kaunti ya Cook kwa miaka mingi ilizikadiria nyumba za bei ya chini kuwa na thamani kubwa kuliko halisi, na za matajiri kinyume chake. Mthamini mkuu aliangushwa kwenye kura za chama chake mwaka uliofuata. Kwa mkazi wa Lawndale maana yake ni kwamba nyumba ambayo benki ilisema haina thamani ya kukopeshwa, ofisi ya kodi iliona ina thamani ya kutozwa. Anayeshindwa kodi hupoteza nyumba kwa mnada, na kiwanja kisicho na mnunuzi hubaki na deni linalokua, hakuna anayekitaka. Ofisi ya mweka hazina wa kaunti ilipolinganisha mwaka 2022 orodha ya viwanja na majengo yaliyoachwa na ramani za mwaka 1940, zaidi ya nusu yalikuwa ndani ya maeneo yaliyopakwa rangi nyekundu. Nimesema ramani zinalaumiwa kupita kiasi, na sibadilishi. Ila takwimu hiyo inaonyesha kwamba wale waliozichora na wale waliokataa kukopesha walikuwa wakitazama maeneo yaleyale.

Nchi nzima, takwimu za Benki Kuu ya Marekani za mwaka 2022 zinaonyesha kwamba ukizipanga familia kwa mali zao, familia ya Wazungu iliyo katikati ilikuwa na mali ya dola 285,000, ya Weusi dola 44,900. Nyumba ndiyo mali kuu ya familia nyingi. Wajukuu wa walionunua kwa mikataba ni watu wazima sasa. Wakienda benki kuomba mkopo hawana kianzio kutoka kwa bibi, kwa sababu kianzio cha bibi kiliishia kwa mlanguzi.

Lawndale haijafa, na ni dharau kuiandika kana kwamba imekufa. Eneo linaloitwa K-Town, lenye barabara zinazoanza na herufi K, liliingizwa kwenye orodha ya taifa ya maeneo ya kihistoria mwaka 2010, na nyumba zake za mawe bado zina wenyewe waliozitunza miaka hamsini. Moja ya masinagogi ya zamani sasa ni Kanisa la Stone Temple Baptist. Mnara wa kwanza wa Sears umekarabatiwa. Bustani iliyobeba jina la seneta Stephen Douglas sasa ni ya Anna na Frederick Douglass, baada ya wanafunzi kudai hivyo hadi 2020. Pale King alipokaa kumejengwa nyumba za kupanga zenye jina lake, na mashirika ya mtaa yanajenga nyumba mpya za kuuza. Nyumba hizo zinabeba tatizo la zamani kwa sura mpya: gharama ya kujenga huzidi bei ambayo mthamini wa benki anakubali, kwa kuwa anathamini kwa kutazama viwanja vitupu vya jirani. Pengo hilo linajazwa kwa ruzuku ya umma.

Mikataba ile haikuzikwa. Baada ya msukosuko wa mikopo wa 2008 kampuni za uwekezaji zilinunua kwa maelfu nyumba zilizonyang'anywa, nyingine kwa dola chache sana, zikaziuza kama zilivyo kwa awamu bila kutoa hati. Huko Minnesota, mwaka 2022 waandishi walifichua mikataba ya aina hiyo ikiuzwa kwa familia za Wasomali waliokwepa mkopo wa benki kwa sababu ya riba. Baadhi ya Wasomali wa Minnesota walipitia Kenya na Kiswahili wanakisikia. Kilichowavuta ni ahadi ya kununua bila riba; kilichowangoja ni bei iliyopandishwa, na mara nyingi malipo makubwa ya mkupuo baada ya miaka michache, ambayo hawangeweza kuyatimiza bila benki ileile waliyoikwepa. Bunge la jimbo lilikaza sheria mwaka 2024.

Illinois, jimbo lilimo Chicago, ilikuwa imefanya hivyo tangu Januari 2018. Muuzaji wa mikataba kama kazi yake lazima aisajili kwenye kumbukumbu za kaunti, aeleze hali ya nyumba na bei kwa maandishi, na mnunuzi anayechelewa apewe muda wa kulipa kabla ya kuitwa amevunja mkataba. Wale waliosaini miaka ya 1950 na 1960 hawamo humo. Sheria inahusu mikataba mipya tu.